Mbwa Hafi Katika Filamu Hii

Siku Bravin alipofika Kosele kumuulizia mbwa, wauza nyanya walidhani ameumwa na amekuja kushtaki. Alikuwa amevaa viatu vyeupe siku ya matope, kofia kaigeuza nyuma, na kila kibanda aliposimama aliuliza swali lile lile: yuko wapi yule mbwa anayekwenda dukani peke yake? Wakamwelekeza kibanda cha mwisho, cha Nyanchoka, mwanamke Mkuria kutoka Kegonga aliyeuza ndizi mbivu na unga wa wimbi. Chini ya meza yake, juu ya gunia lililokunjwa mara mbili, alilala mbwa jike wa rangi ya mchanga, sikio moja limesimama na la pili limelala.

Nyanchoka hakuinuka. Alimuuliza kijana kama anataka ndizi, na Bravin, kwa kuwa hakujua aanzie wapi, akanunua ndizi nne, akazila zote hapo hapo amesimama, ndipo akaeleza kilichomleta. Alikuwa mtengenezaji wa filamu za mtandaoni kutoka Oyugis. Wako watu Homa Bay na Migori waliozijua video zake za vichekesho kuliko walivyomjua diwani wao. Sasa alitaka kutengeneza hadithi ndefu ya vipindi kumi, habari za boma linaloandamwa na wezi wa ng'ombe, na katika boma hilo alihitaji mbwa anayesikia anachoambiwa.

"Nimezunguka mpaka Rongo," alisema. "Mbwa wote wakiona kamera wanatoroka."

Nyanchoka akanyoosha vidole viwili pembeni ya goti lake. Mbwa akatoka chini ya meza, akaketi. Akakunja kiganja, mbwa akalala. Akasema "Askari" kwa sauti ya kawaida, kama mtu anayetaja jina la jirani, na mbwa akajiangusha ubavu, akafumba macho na kutulia tuli kama gogo. Bravin alisahau ganda la ndizi mkononi.

Ujuzi huo Nyanchoka hakuuokota njiani. Alikuwa amefanya kazi miaka tisa katika kampuni ya ulinzi Kisumu, kitengo cha mbwa, mwanamke peke yake kati ya wanaume kumi na wawili. Huko alijifunza kwamba mbwa hasikii kiboko. Anasikia mkono usiobadilisha ishara, kipande cha chakula kinachokuja kwa wakati wake, na mtu asiyechoka kurudia. Kitengo kilipofungwa alirudi Kegonga na ujuzi ambao hakuna aliyeuhitaji. Hakukaa. Kaka yake Mirumbe, mfugaji na mzee wa kanisa, alimwambia wazi kwamba mwanamke aliyeachika, asiye na mtoto, hawezi kuja kukaa kwenye boma la baba yao akiongea na mbwa mbele ya watu. Nyanchoka hakubishana naye. Alipakia mizigo yake, akahamia Kosele ambako hakuna aliyejua ukoo wake, na mwezi wa pili akamchukua mtoto wa mbwa ambaye mchinjaji alikuwa anataka kumtupa mtaroni. Akamwita Zamu, kwa kuwa miaka tisa maisha yake yote yalikuwa zamu: zamu ya mchana, zamu ya usiku, zamu ya sikukuu.

Zamu alijifunza kubeba kikapu. Akajifunza kwenda dukani kuleta chumvi, kusimama kwa miguu miwili, na kujifanya amekufa. Shule zikifungwa, walimu walimwalika Nyanchoka awachangamshe watoto. Watu wa Kosele walicheka, kisha wakampa jina. Walimwita Min Zamu, mama wa Zamu, na kwa Kijaluo jina hilo ni la heshima likitajwa mtoto, lakini likitajwa mbwa linachoma, hasa kwa mwanamke ambaye hakuzaa. Walingoja akasirike. Nyanchoka akaanza kuitika, tena kwa sauti kubwa, mpaka utani ukapoteza ladha na jina likabaki.

Kwa hiyo Bravin alipoanza kueleza jinsi Zamu atakavyokuwa nyota, alikuta anaongea na mtu aliyekwisha kufikiri.

"Video zako nimeziona," Nyanchoka alimwambia. "Mbwa ana kazi mbili tu. Kubweka na kupigwa teke. Akipigwa teke watu wanacheka, basi amemaliza."

Bravin akajitetea kwamba watu ndivyo wanavyopenda. Nyanchoka akasema watu wanapenda wanachopewa, na kwamba katika filamu za nje aliwaona mbwa wakiokoa watoto, wakifuata wezi, wakilia kaburini, na mwisho jina la mbwa linaandikwa pamoja na majina ya binadamu. Akatoa masharti yake. Zamu hapigwi teke. Zamu hafokewi na mtu yeyote isipokuwa yeye. Na jina la Zamu liandikwe. Bravin alicheka, akadhani ni mzaha, lakini alipoona mwenzake hacheki akakubali. Wiki iliyofuata akaleta karatasi, Nyanchoka akatia sahihi.

Hadithi iliitwa *Boma la Bogonko*. Mzee Bogonko mwenyewe aliigizwa na Boaz, mwalimu wa shule ya msingi, mtu mnene mpole aliyeogopa mbwa tangu utotoni. Siku ya kwanza alikataa kumshika Zamu. Nyanchoka akamweka chini kwenye kigoda, akampa vichwa vya omena, dagaa wa ziwani, kiganjani, akamwambia asimwangalie mbwa, aangalie mlima. Zamu akaja, akala, akalaza kidevu juu ya paja lake. Boaz alibaki ameangalia mlima, machozi yanamlenga, na msichana wa kamera aliyeitwa Lynnet akarekodi yote bila kuambiwa. Kipande hicho ndicho kilichofungua kipindi cha kwanza.

Kufikia kipindi cha nne, Zamu hakuweza kupita Oyugis bila kuitwa. Mwenye duka la simu alichora sura yake ukutani, sikio moja limesimama na moja limelala. Makondakta walimpigia miluzi. Mwanamke mmoja muuza viazi alimshika Nyanchoka mkono sokoni, akamwambia kwamba watoto wake siku hizi wanamwekea mbwa wao chakula kwenye sahani, na kwamba yeye mwenyewe, alipotaka kumtupia jiwe mbwa wa jirani, mkono ulikataa. Nyanchoka alikwenda nalo neno hilo nyumbani kama mtu aliyebeba yai. Alikuwa ameambiwa maisha yake yote kwamba anachokijua ni upuuzi. Sasa upuuzi wake ulikuwa umeuzuia mkono wa mtu mzima.

Shida ilianza kipindi cha nane. Idadi ya watazamaji iliacha kupanda, na Bravin akaacha kulala. Alikuja Kosele akiwa na wazo ambalo alisema lingewaliza watu kuanzia Sori mpaka Kendu Bay: wezi watamtupia Zamu nyama yenye sumu, Zamu atakufa mikononi mwa Bogonko, na kisa kitaishia kwenye kaburi la mbwa. Watarekodi Kegonga, karibu na mpaka wa Tanzania, ambako vilima na ng'ombe ni vya kweli. Nyanchoka alifikiri siku mbili. Kufa kwa kuigiza si kufa, na Zamu alikuwa fundi wa kufa. Akakubali. Hata akampigia simu kaka yake, mara ya kwanza kwa miaka mitatu, kumwomba ng'ombe. Mirumbe aliuliza ni siku gani, na ni ng'ombe wangapi. Mwisho akasema ng'ombe atawaleta, mradi asiombwe kusimama karibu na mbwa.

Walifika Kegonga asubuhi kukiwa na ukungu kwenye migomba. Watu wengi walikuwa wamekusanyika juu ya mteremko, wengine wakiwa na watoto migongoni, na kati yao Nyanchoka aliona nyuso alizokua nazo. Hakuna aliyemsogelea. Mirumbe alisimama mbali katikati ya ng'ombe wake kumi na mmoja, fimbo mabegani, akamsalimia kwa kidevu.

Boaz akapiga magoti. Lynnet akaweka kamera tayari. Nyanchoka, akiwa amejificha nyuma ya kichaka cha lantana, akasema "Askari," na Zamu akaanguka vizuri, vizuri kuliko siku zote. Ila Boaz alipoanza kulia na kumwita jina, mkia wa Zamu ukapiga chini mara mbili. Watu wa mteremkoni wakaangua kicheko. Wakarudia. Mkia ukapiga tena. Mara ya tano Zamu alifumbua jicho moja kumtafuta Boaz, kwa kuwa Boaz alikuwa rafiki yake na rafiki yake alikuwa analia.

Bravin akavua kofia, akaipigapiga pajani. "Mbwa aliyekufa hatingishi mkia," alisema.

Nyanchoka akampa njia. Wapige picha kichwa na mabega tu, au Boaz aulalie mkia. Bravin hakutaka. Alitaka mwili mzima, ulimi nje, macho yamegeuka. Akaenda kwenye gari, akarudi na chupa ndogo ya dawa na bomba la sindano, akasema kwa upole kwamba ni dawa ya kutuliza mifugo tu, ameinunua kwenye duka la dawa za ng'ombe, Zamu atalala saa moja, ataamka, atakula nyama.

"Umempima uzito?" Nyanchoka aliuliza.

Bravin akasema atatia kidogo tu. Nyanchoka akauliza kidogo ni kiasi gani. Bravin hakujua. Nyanchoka alijua. Kisumu aliwahi kumshika mbwa mmoja, dume jeusi, wakati mtu asiye daktari akimchoma dawa ya namna ile ili asafirishwe bila fujo. Dume lile lililala kama lilivyotakiwa. Halikuamka, na mkuu wa kitengo aliandika kwenye daftari kwamba lilikufa kwa joto. Nyanchoka alitakiwa kutia sahihi chini ya maneno yale, naye alitia, na miaka yote tangu hapo hakumwambia mtu. Sasa aliipokea ile chupa kutoka mkononi mwa Bravin kana kwamba anataka kusoma maandishi, akaifungua, akaimwaga yote chini kwenye nyasi na kufukia mahali pale kwa kisigino.

Bravin hakupiga kelele. Alitoa karatasi mfukoni, akamwonyesha mstari uliosema kwamba mbwa atatenda kila tendo litakalohitajika na hadithi, na chini yake sahihi.

"Mimi ndiye niliyeweka sahihi," Nyanchoka alisema. "Zamu hakuweka."

Akamwita mbwa wake, akamfunga mkanda, akaanza kupanda mteremko. Angekwenda moja kwa moja barabarani, na kisa kingekwishia hapo. Lakini nyuma yake alimsikia Bravin akiwauliza watu kama kuna mwenye mbwa wa rangi ile ile. Kwa mbali nani ataona tofauti ya masikio? Mtu mmoja akasema anaye. Haikuchukua dakika kumi, akaletwa mbwa dume, mwembamba, rangi ya mchanga, kamba ya katani shingoni, hajui ameitiwa nini. Alikuwa anatetemeka na wakati huo huo anajaribu kulamba mkono uliomshika kamba. Msaidizi mmoja akatumwa kwa pikipiki kuleta chupa nyingine.

Nyanchoka alisimama. Mbwa yule hakuwa wake. Hakumlisha, hakumfundisha, hakujua hata kama anauma. Alimkabidhi Zamu kwa Boaz, aliyekuwa bado amepiga magoti asijue aende upande gani, akarudi chini mpaka katikati ya ile sehemu iliyowekewa kamera, akaketi kwenye nyasi kando ya yule dume na kukunja miguu kama mtu aliyefika matangani.

Bravin akamwomba ainuke. Akamwita shangazi, akamwita mama. Akamkumbusha kwamba gari limelipiwa siku moja tu na jua linapanda. Kisha akamwambia ataitwa polisi, kwa kuwa anaharibu kazi ya watu. Nyanchoka akajibu kwamba kituo anakijua, ni kule nyuma ya soko, na kwamba yeye atangoja hapa hapa waje wamkute. Watu wa mteremkoni walianza kucheka, halafu wakaacha. Mtu mmoja wa makamo alisema kwa sauti ya kusikika kwamba huyu ni dada yake Mirumbe, ndiye yule aliyeharibikiwa Kisumu.

Bravin naye akalishika hilo. Akamwendea Mirumbe, akamsihi amwondoe dada yake kama mkubwa wa nyumba. Mirumbe alikuja polepole, akasimama mbele ya Nyanchoka, kivuli chake kikamfunika yeye na mbwa. Alisema naye kwa Kikuria. Alimuuliza anataka nini hasa, ukoo wote unatazama.

"Ukoo utazame," alisema Nyanchoka. "Kama wangekuwa wanataka kumnywesha ndama wako sumu ili watu walie kwenye simu, ungekaa hapa nilipokaa, au ungesimama kutazama?"

Mirumbe aliishusha fimbo mabegani. Alimwangalia yule mbwa mwembamba, ambaye kwa sasa alikuwa ameweka paja lake dhidi ya goti la Nyanchoka. Akaangalia jua. Akamgeukia Bravin, akamwambia kwa Kiswahili kwamba mchana umefika na ng'ombe lazima wakanywe maji. Akapiga mluzi. Ng'ombe kumi na mmoja wakageuka, wakashuka kuelekea mtoni bila haraka, na boma la Bogonko likabaki kilima kitupu. Nyanchoka akakata ile kamba ya katani kwa kisu cha kumenyea ndizi. Dume likasimama kidogo, likanusa upepo, kisha likawafuata ng'ombe.

Yote hayo Lynnet aliyarekodi, kwa kuwa hakuna aliyemwambia azime kamera.

Siku tatu baadaye video ilikuwa kwenye kila simu. Bravin alikuwa ameikata: aliacha Nyanchoka akimwaga dawa na akikaa kwenye nyasi, akaondoa maneno, akatia muziki wa kuchekesha na maandishi kwamba Min Zamu amechanganyikiwa. Kosele watu walipita kibandani kwa Nyanchoka makundi makundi wakijifanya wanauliza bei. Edith, jirani yake muuza mboga, mwanamke aliyempenda kwa dhati, alimshauri afunge wiki mbili, aende kwa ndugu, mambo yapoe. Nyanchoka akasema ndugu zake wameshamwona akikaa chini, hakuna kipya cha kuwaonyesha. Kesho yake alifungua kibanda mapema kuliko siku zote, akamlaza Zamu juu ya meza badala ya chini yake, kati ya ndizi na wimbi, ili kila anayetaka kucheka awaone wote wawili vizuri.

Baadaye alipata habari kwamba kipindi cha mwisho kitaonyeshwa Oyugis, Jumapili mchana, katika ukumbi wa kukodi, kabla ya kuwekwa mtandaoni. Bravin alikuwa ametumia vipande vya zamani. Zamu amelala, Boaz amempa mgongo mtazamaji, kisha kaburi, ambalo ndilo pekee lililorekodiwa upya. Mbwa amekufa bila kufa. Jina lake lilikuwa limeondolewa kwenye orodha ya waigizaji.

Nyanchoka alivaa gauni lake la kanisani, akamwogesha Zamu, akapanda naye pikipiki mpaka Oyugis.

Mlangoni, bawabu alimwambia mbwa haruhusiwi. Nyanchoka hakubishana. Alimwonyesha bango lililobandikwa ukutani nyuma ya kichwa chake, lenye picha ya Zamu kubwa kuliko ya Boaz, akamuuliza kama anamfahamu huyo. Bawabu akaangalia bango, akaangalia mbwa. Mwisho akafungua mlango, akasema kwa sauti ya chini kwamba hata yeye alilia alipoambiwa amekufa.

Ndani kulikuwa na giza na joto la watu. Kwenye pazia jeupe Boaz alikuwa amepiga magoti kwenye udongo uliofukuliwa upya, akilia, akiita: Zamu, Zamu. Wanawake wa viti vya mbele walikuwa wanafuta macho kwa leso. Zamu alisikia jina lake likitajwa na sauti aliyoipenda, sikio lililolala likasimama. Nyanchoka alikuwa na mkanda mkononi. Angeweza kumzuia. Akafungua kiganja.

Mbwa alipita katikati ya viti mbio, akaruka jukwaani, akalinusa pazia, akabweka mara moja akaona hapana, huyu si yeye. Akageuka. Boaz wa kweli alikuwa safu ya kwanza, amevaa koti. Zamu alimrukia kifuani, na yule mtu mnene aliyeogopa mbwa tangu utotoni akamkumbatia mbele ya ukumbi mzima huku sura yake nyingine, kubwa, ikiendelea kumlilia mbwa huyo huyo ukutani.

Ukumbi ulilipuka. Wako waliopiga makofi, wako waliosimama juu ya viti. Taa zikawashwa. Bravin, ambaye akili yake haikuwahi kulala, alikimbilia kipaza sauti, akatangaza kwamba hiyo ndiyo zawadi aliyowaandalia mashabiki, Zamu yu hai. Watu wakashangilia zaidi. Hapo ndipo ingekuwa rahisi kwa Nyanchoka kuinua mkono, kutabasamu, na kusamehewa na kila mtu.

Alipanda jukwaani, akakipokea kipaza sauti mkononi mwa Bravin kama alivyoipokea ile chupa.

Hakusema mengi. Alisema hajaalikwa, na hii si zawadi. Alisema ni nini kilichotakiwa kufanywa Kegonga, dawa gani, na kwamba alipokataa, aliletwa mbwa mwingine ambaye hakuna ambaye angemlilia. Alisema aliwahi kuona mbwa akifa hivyo, na akatia sahihi uongo, na hatatia tena. Kijana mmoja nyuma akapaza sauti kwamba ni mbwa tu. Wengine wakacheka.

"Ndiyo, ni mbwa," Nyanchoka alisema. "Ndiyo maana hawezi kuja hapa aseme mwenyewe. Mmelia sasa hivi. Nimewaona. Mlikuwa mnamlilia nani?"

 Akarudisha kipaza sauti mezani, akashuka, akatoka na Zamu kwa mlango ule ule alioingilia. Nyuma yake alisikia kelele za ubishi, watu wa mbele wakiwafokea wa nyuma. Hakugeuka kusikiliza nani anashinda.

Lynnet alimfuata nje. Usiku wa siku hiyo aliiweka mtandaoni video ya Kegonga yote, bila muziki, bila kukatwa, na maneno yote yakasikika, pamoja na ya Kikuria. Bravin akamfukuza kazi. Kusema kweli Bravin hakuharibikiwa: kipindi cha mwisho kilitazamwa kuliko vingine vyote tisa, na mpaka leo ana wafuasi wengi. Lakini alipoanza hadithi mpya, Boaz alikataa kusaini mpaka uandikwe mstari kwamba hakuna mnyama atakayepewa dawa wala kupigwa, na waigizaji wengine wanne wakakataa pamoja naye. Mstari ukaandikwa. Bravin alikuja Kosele mwenyewe kuuonyesha, amevaa viatu vingine, akimwomba Zamu tena. Nyanchoka aliusoma mara mbili, akasema umeandikwa vizuri, akamuuzia ndizi, akamwambia hapana.

Sasa yeye na Lynnet wanarekodi vipande vyao wenyewe nyuma ya soko. Havina wezi wala kaburi. Kimoja kinamwonyesha Zamu akijaribu kumfundisha mbuzi kubeba kikapu, na mbuzi anakila. Hawana watazamaji wengi kama Bravin. Wapo wanaoandika matusi chini ya vipande hivyo, na Nyanchoka huyasoma kwa sauti akiwa anapanga ndizi, kisha anaendelea kupanga ndizi.

Mwezi uliopita simu yake ililia asubuhi, wateja wamejaa. Alikuwa Mirumbe. Aliuliza habari za biashara, akauliza mvua ya Kosele, akakohoa. Kisha akasema kwamba lile dume jembamba halijaondoka bomani tangu siku ile, mwenyewe hajaja kulidai, limenona, linalala na ng'ombe, ila linawakimbiza ndama, na akilipiga linajificha siku nzima halafu linarudia. Akasema pia, haraka haraka, kwamba hataki michezo ya mbwa nyumbani kwake. Anataka tu liache ndama.

Nyanchoka akaibana simu begani, akaendelea kumpimia mteja unga.

"Acha kwanza kulipiga," alisema. "Una ugali mfukoni?"

Kaka yake akasema kwamba mzee wa kanisa hatembei na ugali mfukoni.

"Basi kautie," Nyanchoka alisema. "Nangoja."

Akasikia miguu ikienda, mlango wa jikoni ukifunguliwa, kifuniko cha sufuria, halafu miguu ikirudi.